Jinsi ya Kuutambua Ufunguo wa D Meja katika Kazi za Watunzi wa Ulaya

Mwanakwaya wa Tanzania au Kenya aliyezoea nota za solfa anajua kwamba kabla ya kuimba lolote ni lazima aangalie juu ya karatasi, mahali palipoandikwa Do iko wapi. Katika "Aleluya Kuu", kama wengi wanavyouita wimbo wa George Frideric Handel unaofunga sehemu ya pili ya Messiah, kazi yake ndefu ya kwaya na okestra, Do ni D. Wengi huiona alama hiyo kuwa ni maelekezo ya mpiga kinanda peke yake, kwa kuwa mwimbaji akishapewa Do huendelea na safari yake bila kujali jina la nota. Hata hivyo, Handel hakuichagua D kwa kubahatisha, wala Bach, Haydn, Mozart na Beethoven hawakurudi kwenye ufunguo huohuo mara kwa mara kwa mazoea tu. Mwongozo huu unaeleza namna ya kuusikia D meja, yaani ufunguo wa meja ambao Do yake ni D, katika kazi zao, na unajengwa juu ya hoja moja: fahari inayosifiwa katika ufunguo huu haimo katika kimo cha sauti ya D yenyewe, bali imo katika ala zilizokuwepo wakati kazi zilipoandikwa. Kwa hiyo anayetaka kuutambua aanze kwa kuuliza ni ala zipi zinazopigwa, na zimetengenezwaje.

Kwanza, itafute Do

Chagua kazi fupi, uisikilize hadi mwisho, kisha uimbe kwa sauti ya chini ile nota ya mwisho ya besi. Katika muziki wa karne ya 18 nota hiyo karibu kila mara ndiyo Do. Ukishaipata, panda ngazi yote: do, re, mi, fa, so, la, ti, do. Ikiwa mi inasikika pana na yenye mwanga, uko katika meja. Ikiwa imeshuka nusu toni na kuleta huzuni, uko katika maina. Sasa nenda kwenye kinanda. D ni kile kibonyezo cheupe kilicho katikati ya vibonyezo viwili vyeusi vinavyokaa pamoja. Kutoka hapo ngazi ya D meja hupita D, E, F shapu, G, A, B na C shapu, yaani ina shapu (nota iliyopandishwa nusu toni) mbili tu, na mtu aliyezoea kupiga nyimbo za kanisa katika G au F hatapata taabu kubwa kuizoea.

Hapa kuna mtego unaowakwamisha wengi wanaojifunza kwa rekodi za kwenye simu. Siku hizi okestra nyingi hupatanisha ala zao kwa A ya mitetemo 440 kwa sekunde, lakini vikundi vinavyopiga ala za kale kwa kawaida hutumia A ya 415, ambayo iko chini kwa karibu nusu toni. Kwa hiyo Messiah ikipigwa na kikundi cha namna hiyo, D yake italingana na C shapu ya kinanda chako, na ukiamini kinanda peke yake utasema kwamba kazi haiko katika D. Uma wa kupatanishia sauti unaohusishwa na Handel, wa mwaka 1751, hutoa A ya mitetemo 422.5, nao pia uko chini ya kipimo cha leo. Hili halibatilishi jina la ufunguo hata kidogo. Wapigaji wanaona shapu zilezile mbili kwenye karatasi, wanaweka vidole palepale, na nyuzi zilizo wazi ni zilezile. Kilichoshuka ni kipimo cha okestra nzima. Pia ni dalili ya mapema kwamba tabia ya D meja haipimwi kwa idadi ya mitetemo.

Pili, zisikilize ala

Hapa ndipo penye utajiri, na msomaji asiharakishe.

Anza na nyuzi. Vayolini ina nyuzi nne ambazo zikiwa wazi, bila kubonyezwa na kidole, hutoa G, D, A na E. Zihesabu kwa solfa ukiwa katika D meja: ni fa, do, so na re. Nguzo tatu za ufunguo, yaani do, fa na so, zote zina uzi ulio wazi unaozisubiri. Viola na selo zina C, G, D na A, na besi kubwa ina E, A, D na G, kwa hiyo familia nzima ya nyuzi inakubaliana. Uzi ulio wazi hulia kwa nguvu na kwa uwazi kuliko uliobanwa. Zaidi ya hapo, mpigaji anapobonyeza D kwenye uzi wa A, uzi wa D ulio jirani hutetemeka wenyewe bila kuguswa na kuongeza mwangwi. Ukitaka kulisikia jambo hili, tafuta rekodi ya vayolini inayopiga ngazi ya D meja, kisha ngazi ya E flati meja ambayo iko nusu toni tu juu yake. Ya kwanza itang'aa. Ya pili itakuwa na sauti iliyofunikwa kidogo, kwa sababu nguzo zake kuu hazina nyuzi zilizo wazi za kuzisaidia. Tofauti hiyo si ya kuwaziwa, imo ndani ya mbao na nyuzi.

Kisha fuata matarumbeta. Tarumbeta la enzi za Bach na Handel lilikuwa bomba la shaba lisilo na vali, yaani vibonyezo vya kubadilisha urefu wa bomba, ambalo lingenyooshwa lingezidi mita 2, na mpigaji alibadilisha nota kwa midomo na pumzi peke yake. Bomba la aina hiyo halitoi kila nota. Chini nota zake zina mapengo makubwa: kwa bomba lililotengenezwa katika D, kuanzia nota ya 2 ya mfululizo wake, utapata D, A, D ya juu, F shapu na A, na ndiyo maana mbiu za kijeshi huruka kutoka do kwenda so na mi badala ya kupita hatua kwa hatua. Juu zaidi, kuanzia nota ya 8 ya mfululizo huo, nota hukaribiana na ngazi huanza kupatikana: D, E, F shapu, kisha nota ya 11 ambayo si G wala si G shapu, kisha A, halafu nota ya 13 ambayo nayo haikukaa sawasawa, na hatimaye C shapu na D. Mpigaji hodari aliziinamisha zile nota kaidi kwa midomo mpaka zikakubalika. Watunzi waliandika nyimbo nzima katika eneo hilo la juu, na kwa kuwa matarumbeta ya D yalikuwa ya kawaida sana katika makanisa na majumba ya wafalme, mtunzi aliyetaka matarumbeta alijikuta anaandika D meja, isipokuwa pale ambapo C ilitumika badala yake.

Ala ya tatu ni timpani, ngoma kubwa za shaba ambazo kwa kawaida ziliwekwa mbili, moja ikipatanishwa kuwa do na nyingine kuwa so. Katika ufunguo wetu ni D na A. Zilifuatana na matarumbeta karibu kila mahali, na hazikuweza kubadilishwa haraka katikati ya kazi. Filimbi ya enzi hizo inayoshikwa kwa ubavu nayo ilikuwa na D kama ngazi yake ya asili, jambo linalofaa kukumbukwa mtu anaposikiliza konseto (kazi ya ala chache zinazoongoza mbele ya okestra) ya tano ya Brandenburg ya Johann Sebastian Bach, ambamo filimbi, vayolini na kinanda cha hapsikodi vinashindana katika D meja bila tarumbeta hata moja.

Bach anatupa ushahidi mzuri kuliko wote. Magnificat yake aliiandika mara ya kwanza katika E flati meja, kwa ajili ya Krismasi ya mwaka 1723 mjini Leipzig. Baadaye, karibu na mwaka 1733, aliiandika upya, na katika kuiandika upya aliishusha nusu toni hadi D meja. Nota za waimbaji zilibaki karibu vilevile kwa solfa; kilichobadilika ni kwamba matarumbeta na nyuzi sasa vilikuwa nyumbani. Misa yake Kuu inaitwa ya B maina, na jina hilo linapotosha, kwa sababu Kyrie ya kwanza ndiyo iliyo katika B maina, lakini Gloria inapolipuka kwa matarumbeta matatu, inapofika Et resurrexit, Sanctus na Osanna, hadi Dona nobis pacem ya mwisho, ufunguo ni D meja. Funguo hizo mbili zinatumia shapu zilezile mbili, hivyo Bach alihama kutoka giza hadi mwanga bila kubadilisha hata alama moja mwanzoni mwa mistari.

Tatu, fuatilia kazi moja unayoijua

Rudi kwenye "Aleluya Kuu", safari hii kama msikilizaji, huku ukiwa na karatasi ya solfa mkononi. Handel aliiandika Messiah kwa muda wa siku 24, kuanzia Agosti 22 hadi Septemba 14 mwaka 1741, na ilisikika hadharani mara ya kwanza mjini Dublin, Aprili 13, 1742. Kabla ya kuufikia wimbo huu, jua kwamba amewaficha wapiga tarumbeta kwa muda mrefu. Ufunguzi wa kazi uko katika E maina, na matarumbeta hayasikiki hadi malaika wanapoimba utukufu kwa Mungu juu mbinguni katika sehemu ya kwanza. Hapo yanakuja katika D meja, na Handel anataka yasikike kana kwamba yako mbali. Kwa hiyo msikilizaji wa Dublin alipofika mwisho wa sehemu ya pili, tayari sikio lake lilikuwa limefundishwa kuifungamanisha D na mbingu.

Weka sikio mahali ambapo soprano inashikilia nota ndefu kwenye maneno ya Mfalme wa wafalme na Bwana wa mabwana. Inaanza kwenye so, kisha inapanda do ya juu, re, mi na fa, hatua moja kila mara, wakati sauti nyingine zinajibu chini yake. Ngazi hiyo ya do, re, mi, fa ndiyo ileile ambayo bomba la tarumbeta huanza kuipata kuanzia nota yake ya 8, na fa ndiyo nota kaidi ya 11. Mwishoni kabisa kuna kimya cha ghafla, kisha aleluya ya mwisho inaimbwa polepole ikitoka fa kwenda do, yaani G kwenda D, mwendo uleule wa "Amina" ya kanisani.

Baadhi ya waongoza kwaya huushusha wimbo huu hadi C ili kuwapumzisha soprano. Kwa kwaya na kinanda cha umeme sioni dhambi. Lakini siku mnapowaalika wapiga vayolini na tarumbeta, rudini D, la sivyo ala hizo zitapoteza nyuzi zilizo wazi na mwangaza ambao Handel aliukusudia.

Nne, angalia ni wakati gani matarumbeta yananyamaza

Msikilizaji anayeanza hutega sikio kwenye kelele; aliyekomaa hutega kwenye kimya. Kwa kuwa matarumbeta yasiyo na vali na ngoma zilizopatanishwa D na A havikuwa na kazi kubwa muziki ulipohamia mbali, mtunzi alilazimika kuvinyamazisha au kuvipa nota chache tu. Ukisikia nyuzi na obo (ala ya mbao ya kupuliza) zikiendelea na msukosuko huku shaba imetulia, kuna uwezekano mkubwa kwamba umetoka nyumbani na kuingia B maina, F shapu maina au mbali zaidi. Ngoma zikirudi kupiga so kwa mfululizo, jiandae: do inakuja.

Jizoeze kwa Joseph Haydn, ambaye aliipenda D kuliko ufunguo mwingine wowote katika simfonia zake 104 zenye namba. Simfonia namba 104, ya mwaka 1795, inaanza polepole kwa mbiu ya do na so inayopigwa na okestra nzima, lakini inaingia D maina, na msikilizaji anawekwa gizani kwa muda kabla mwendo wa haraka haujaanza kwa upole katika D meja. Ludwig van Beethoven alifanya jambo hilohilo kwa kipimo kikubwa zaidi katika Simfonia ya Tisa, iliyosikika mjini Vienna Mei 7, 1824: sehemu ya kwanza ni D maina, na D meja haitawali kikamilifu hadi wimbo wa furaha wa sehemu ya nne. Wimbo huo unaletwa kwanza na selo na besi peke yake, bila mapambo, na solfa yake ni mi mi fa so, so fa mi re, do do re mi, mi re re. Karibu wimbo wote unakaa ndani ya nota tano za kwanza za ngazi, na hakuna mwanakwaya asiyeweza kuuimba baada ya kuusikia mara moja. Matarumbeta hungoja mpaka wimbo umezunguka mara kadhaa, ndipo yanaingia.

Konseto ya vayolini ya Beethoven ya mwaka 1806 inahitaji sikio la aina nyingine. Inaanza na timpani peke yake ikipiga D mara nne kwa upole, kisha obo inaingia pamoja na pigo la tano. Baada ya vipimo vichache, vayolini zinarudia mapigo yaleyale manne, safari hii kwenye D shapu, nota isiyo na kwao katika ufunguo huu. Mtu ambaye ameitafuta Do mapema na kuishikilia moyoni atashtuka. Ambaye hakuitafuta atapita bila kuona kitu.

Orodha za hisia zisikupoteze

Wako waandishi wa zamani walioipa kila ufunguo tabia yake. Marc-Antoine Charpentier wa Ufaransa, katika karne ya 17, aliiona D meja kuwa ya furaha na ya kivita sana. Christian Schubart wa Ujerumani, ambaye maandishi yake yalichapishwa mwaka 1806 baada ya kifo chake, aliihusisha na ushindi na aleluya. Maelezo hayo yanavutia na hayakosei kuhusu muziki wa wakati wao, lakini yametanguliza matokeo mbele ya sababu. Fanya jaribio rahisi: piga wimbo wa furaha wa Beethoven kwenye kinanda cha umeme katika D, kisha bonyeza kitufe cha kupandisha ufunguo na uupige tena ukiwa nusu toni juu. Asiye na kipaji cha kukumbuka kimo cha kila nota hatajua umebadilisha nini. Katika kinanda, umbali kati ya nota na nota ni uleule katika kila ufunguo. Hakuna uzi ulio wazi wala bomba lenye mapengo.

Na kuna kazi moja inayozikanusha orodha zote hizo, ambayo kwaya nyingi za Kikatoliki huimba wakati wa Komunyo. Wolfgang Amadeus Mozart, ambaye alitumia D meja yenye shangwe katika utangulizi wa opera yake Le nozze di Figaro mwaka 1786, aliichukua D hiyohiyo Juni 1791 na kuandika Ave verum corpus kwa sauti nne, nyuzi na ogani, bila tarumbeta wala ngoma. Ina vipimo 46 tu. Fuata njia yake kwa kalamu: kutoka D inakwenda A meja, kwenye maneno ya ubavu uliochomwa inaingia F meja ambako shapu zote mbili zimefutwa, kisha inagusa D maina kabla ya kurudi nyumbani. Ukiilinganisha na Figaro utaona kwamba ufunguo ni mmoja, nyuzi ni zilezile, na kilichoondolewa ni shaba na kasi.

Kazi za baada ya mwaka 1818

Vali za ala za shaba zilipata hataza mjini Berlin mwaka 1818, na taratibu tarumbeta likaweza kupiga kila nota katika kila ufunguo. Kanuni ya kimya cha matarumbeta basi hupungua nguvu kadiri karne ya 19 inavyosonga, na usiitegemee kwa watunzi wa baadaye. Kinachobaki ni vayolini. Johannes Brahms na Pyotr Tchaikovsky waliandika konseto zao za vayolini mwaka mmoja, 1878, na zote mbili ziko katika D meja kama ile ya Beethoven. Sikiliza jinsi mpigaji anavyokokota upinde juu ya nyuzi tatu au nne kwa pamoja, maana vishindo hivyo vinawezekana kwa urahisi kwa sababu D na A zinapatikana wazi. Katika Simfonia ya Pili ya Brahms, ya mwaka 1877, tega sikio kwenye nota tatu za kwanza kabisa za selo na besi, do, ti, do, kwa kuwa zitarudi zikiwa zimejificha mahali pengi katika sehemu ya kwanza. Jean Sibelius naye, katika sehemu ya mwisho ya Simfonia yake ya Pili iliyosikika Helsinki mwaka 1902, anajenga kila kitu juu ya do, re, mi, na kwa kuwa sehemu ya tatu inaingia katika ya nne bila kusimama, anza kusikiliza dakika chache kabla, la sivyo mlango wa kuingilia D meja utakupita.